Mkate, Siagi na Parachichi: Nani Alitufundisha Kifungua Kinywa?

Leo tuongelee mkate. Ndiyo, mkate huu huu wa slesi. Slesi mbili, siagi katikati, zikabanwa, zikachovywa kwenye chai ya maziwa. Sijui Mbongo aliyesoma shule, akapanga chumba, akaugua malaria, ambaye hajawahi kufarijiwa na kitu hiki. Mgonjwa hospitalini anapelekewa mkate. Mtoto akiwa wa kwanza darasani ananunuliwa mkate. Mgeni akibisha hodi ghafla, kijana anatumwa dukani mbio, na haambiwi "kalete mihogo", anaambiwa "kalete mkate".

Sasa nina swali moja tu kwa wenzangu wa Nyanda za Juu Kusini, kuanzia Iringa mpaka Tukuyu. Tunaishi kwenye ardhi inayotoa viazi, maharage, mahindi, ngano, maziwa, ndizi na maparachichi. Kwa nini basi chakula chetu cha faraja ni unga mweupe na mafuta ya kopo?

Swali hili si la mzaha. Utafiti wa kitaifa wa idadi ya watu na afya wa mwaka 2022 ulionyesha kwamba mkoa unaoongoza nchi nzima kwa udumavu wa watoto chini ya miaka 5 ni Iringa, takriban asilimia 57. Wanaofuata ni Njombe na Rukwa, kila mmoja karibu asilimia 50. Wastani wa taifa ni asilimia 30. Yaani mikoa inayoitwa kapu la chakula ndiyo yenye watoto wengi waliodumaa. Malori yanateremka Kitonga yamejaa, halafu mtoto aliyebaki nyumbani hatimizi kimo cha umri wake!

Tuelewane mapema. Sisemi kwamba mkate ndio unaodumaza watoto. Udumavu una sababu nyingi: kazi nzito za akina mama, maradhi ya mara kwa mara, maji yasiyo salama, uji mtupu usio na kitu ndani. Ninachosema ni kwamba kuna fikra moja iliyo nyuma ya yote hayo, kwamba kizuri ni cha kuuza na cha kujaza tumbo ndicho cha kula. Na historia ya mkate wetu inaonyesha vizuri fikra hiyo ilivyojengeka. Twende taratibu.

Tuanze na jina. Kitu hiki cha slesi mbili na kitu katikati Waingereza wanakiita sandwichi, kwa jina la John Montagu, Earl wa nne wa Sandwich, aliyefariki mwaka 1792. Hadithi inayopendwa ni kwamba alikuwa mezani akicheza kamari, hataki kunyanyuka, akaagiza nyama iwekwe katikati ya mikate. Hiyo ya kamari inabishaniwa mpaka leo, lakini neno lenyewe lilikwisha kuandikwa mwaka 1762 kwenye shajara ya mwanahistoria Edward Gibbon.

Wazo lenyewe, hata hivyo, halina mwenyewe. Kukunja maharage ndani ya chapati ni wazo hilo hilo. Waganda wanaviringisha mayai na nyanya ndani ya chapati, wanakiita Rolex, na wanafunzi wa Makerere pale Wandegeya wamekifanya kiwe maarufu. Watu wa pwani walikuwa na mkate wa mofa na mkate wa kumimina muda mrefu kabla ya slesi kufika dukani. Kwa hiyo aliyetuletea mkate mweupe hakutufundisha kula kitu ndani ya kitu. Alitufundisha kitu kingine kabisa: kwamba kuna chakula cha mtu wa maana, na kuna chakula cha mtu wa kawaida.

Ngano ilipandaje milimani huku? Mji wa Iringa uko zaidi ya mita 1,500 juu ya usawa wa bahari, Mbeya iko kama mita 1,700, na Njombe imepanda zaidi. (Njombe ilikuwa sehemu ya mkoa wa Iringa mpaka 2012, kwa hiyo historia yao ni moja.) Ni baridi, si unajua tena, na ngano inapenda baridi.

Mwaka 1891 unatosha kueleza mengi. Mwaka huo wamisionari wa Kilutheri kutoka Berlin na Wamoravian walifika kaskazini mwa Ziwa Nyasa, Wamoravian wakafungua kituo chao Rungwe. Mwaka huo huo, tarehe 17 Agosti, majeshi ya Mkwawa yalikisambaratisha kikosi cha Zelewski pale Lugalo. Upande mmoja wa nyanda hizi Mjerumani anashika jembe na Biblia, upande mwingine anapigwa vibaya. Tunajua ilivyoisha: Kalenga ikaanguka Oktoba 1894, Mkwawa akajiua Julai 1898, na milima yote ikawa chini ya bendera moja.

Watu hawa walipanda walichozoea kula kwao, yaani ngano na viazi mviringo. Wazee wengi mpaka leo wanaviita "viazi ulaya", jina ambalo limebeba historia nzima bila kuhitaji kitabu. Ukinga, ambako leo ni Makete, na milima ya Uporoto ikaonekana inafaa. Ila angalieni jambo moja: viazi vilihamia jikoni kwa bibi zetu na vikawa vyetu. Ngano ilipandwa hapa hapa, lakini mkate ukabaki kuwa wa misheni, wa boma na wa mjini.

Mbeya mjini yenyewe ilizaliwa mwishoni mwa miaka ya 1920, dhahabu ya Lupa huko Chunya ilipovuta watu wa kila namna. Miaka hiyo na iliyofuata mashamba ya chai yakafunguliwa Mufindi na Tukuyu. Vijana wa Kinyakyusa, Kikinga, Kibena na Kihehe wakaenda kutafuta kibarua kwenye mkonge wa Tanga na Morogoro, wengine kwenye migodi ya Copperbelt na Afrika Kusini. Aliyerudi alirudi na nguo, blanketi na mazoea ya mjini. Chai yenye sukari na mkate ikawa dalili kwamba umetembea. Kiazi kilichochemshwa kikabaki kuwa dalili kwamba hujatoka!

Na mkate gani? Mweupe. Hapa lazima tutoke kidogo nje ya nchi, maana weupe ule una fundi wake. Kwa karne nyingi Ulaya unga mweupe ulikuwa wa matajiri, kwa sababu kuchekecha pumba kulihitaji kazi nyingi. Miaka ya 1870 na 1880 zikaenea mashine za kusaga kwa rola za chuma, Hungaria ikiwa mstari wa mbele. Rola zinatenganisha punje: pumba kando, kiini kando, wanga mweupe kando. Kiini kina mafuta, na mafuta yanachacha, hivyo kikiondolewa unga unakaa muda mrefu na unasafiri mbali. Mfanyabiashara akafurahi. Ila pumba na kiini ndivyo vyenye nyuzinyuzi, madini ya chuma na sehemu kubwa ya vitamini B. Kwa ufupi, tuliuziwa punje iliyokwisha kuibiwa.

Julai 1928, mji mdogo wa Chillicothe, Missouri, Marekani, ukauza mkate wa kwanza uliokatwa slesi kwa mashine ya Otto Rohwedder. Mwaka 1961 watafiti wa Chorleywood, Uingereza, wakabuni njia ya kukanda donge kwa nguvu kubwa ndani ya dakika chache badala ya kulisubiri kwa saa nyingi. Ndiyo siri ya mikate laini kama sponji inayotoka kiwandani kwa wingi.

Na siagi? Jamani, ile ya kopo si siagi. Siagi halisi inatokana na maziwa. Majarini ilibuniwa mwaka 1869 na Mfaransa Hippolyte Mège-Mouriès, enzi za Napoleon III, ili kupata mbadala wa bei nafuu. Mwanzo ilitumia mafuta ya ng'ombe. Mwanzoni mwa karne ya 20 ikapatikana njia ya kuyagandisha mafuta ya mimea kwa hidrojeni, na majarini ikageuka kuwa ya mimea. Afrika Mashariki Blue Band ilishika soko kiasi kwamba jina lake likawa jina la bidhaa yote. Tuwe wa haki: majarini nyingi huongezewa vitamini A, na hilo ni jema. Lakini ugandishaji ule wa zamani ulizalisha mafuta mabaya kwa moyo, kiasi kwamba mwaka 2018 Shirika la Afya Duniani lilizitaka nchi zote ziyaondoe kwenye chakula.

Turudi nyumbani. Azimio la Arusha, 1967. Vinu vikubwa vya nafaka vinataifishwa, na mwaka uliofuata linaundwa Shirika la Taifa la Usagishaji, lile NMC ambalo wazazi wetu wanalikumbuka kwa unga wa sembe. Mkate sasa ukawa suala la serikali. Miaka ya 1970 kikajengwa Dar es Salaam kiwanda cha mkate cha Siha, cha mashine tupu, kwa msaada wa Canada. Mchumi Andrew Coulson alikichambua kiwanda hicho kwenye kitabu alichokihariri mwaka 1979, akionyesha kwamba tanuri ndogo nyingi zingegharimu kidogo zaidi na kuajiri watu wengi zaidi. Nchi ya kijamaa yenye watu wengi wasio na ajira inaagiza mashine ya kupunguza watu kazini. Kasheshe hiyo!

Canada hiyo hiyo ilisaidia mashamba makubwa ya ngano Hanang. Wabarabaigi wakapoteza malisho yao, na miaka ya 1980 wakaenda mahakamani kudai ardhi. Kwa hiyo mkate laini wa mjini una bei ambayo haikuandikwa kwenye karatasi yake.

Halafu ikaja njaa ya vitu. Ukame wa 1973 na 1974, vita ya Kagera 1978 na 1979, fedha za kigeni zimekauka. Mapema miaka ya 1980 sukari ni foleni, sabuni ni foleni, mkate ni foleni. Ndio wakati wa "unga wa yanga", mahindi ya njano ya msaada yaliyopewa jina kwa rangi ya jezi. Mwaka 1983 ikapigwa vita ya wahujumu uchumi. Ukimpata mzee aliyekuwa kijana wakati ule, muulize mara ya mwisho alipokosa mkate. Atakusimulia mpaka chai ipoe.

Hapa ndipo naona kiini cha mapenzi yetu. Mzee Mwinyi aliposema ruksa, na maduka yakajaa tena, mkate na siagi mezani haukuwa chakula tu. Ulikuwa ushahidi kwamba shida imepita. Mama aliyekupakia siagi nene miaka ya 1990 alikuwa anakuambia, bila kusema, "wewe hutapanga foleni." Huwezi kumkejeli mtu huyo kwa kumsomea habari za nyuzinyuzi. Lazima umheshimu kwanza, ndipo umwambie kwamba faraja ile ile inaweza kubebwa na kitu bora zaidi.

Na kitu chenyewe kiko shambani kwake.

Chukueni parachichi. Miaka mingi Rungwe na Njombe lilikuwa tunda la kuokota chini ya mti, na yaliyozidi wakapewa nguruwe. Kuanzia mwishoni mwa miaka ya 2000 ikaja aina ya Hass kwa ajili ya Ulaya, watu wakang'oa mazao mengine wakapanda miche. Novemba 2022, Rais Samia alipozuru China, ukatiwa saini mkataba wa kufungua soko la huko. Heri kwa wakulima, nasema kwa dhati. Ila ile fikra ya kale isijirudie, tukasafirisha tunda halafu tukarudi dukani kununua kopo. Parachichi la kienyeji, lile kubwa la ngozi laini, halisafiri vizuri. Ni letu. Tulile!

Hesabu yake ni hii. Gramu 100 za parachichi zina karibu kalori 160 na nyuzinyuzi gramu 6 hadi 7, na mafuta yake mengi ni ya aina isiyosumbua moyo. Gramu 100 za majarini ya kawaida zina karibu kalori 700, na nyuzinyuzi hakuna. Maharage yaliyopikwa yana protini gramu 8 hadi 9 kwa kila gramu 100, na yai moja lina kama gramu 6. Mbegu zenyewe zinatoka kwetu: kituo cha utafiti cha Uyole, nje kidogo ya Mbeya mjini, kimetoa aina kadhaa za maharage zikiwemo Uyole 84 na Njano Uyole. Tunafundisha nchi kulima maharage, halafu asubuhi tunakula hewa iliyokatwa slesi!

Haya, twende jikoni. Hii ni ya watu wanne.

Mkate kwanza. Ukinunua, usidanganywe na rangi, maana ukahawia unaweza kutiwa. Soma karatasi: kitu cha kwanza kwenye orodha kiwe ngano nzima, isiyokobolewa. Ukitaka kuoka mwenyewe, chukua nusu kilo ya unga wa ngano, nusu yake uwe wa atta au usiokobolewa na nusu mweupe kama ndiyo unaanza, hamira kijiko kimoja na nusu cha chai, chumvi kijiko kimoja cha chai na mafuta kijiko kimoja cha chakula. Ongeza maji ya uvuguvugu kidogo kidogo, kama glasi moja na nusu. Kanda dakika 10. Funika liumuke saa moja, ila kwa baridi ya Mbeya ya Juni na Julai mpe saa mbili karibu na jiko, asikimbizwe. Kanda tena kidogo, weka kwenye sufuria iliyopakwa mafuta, acha liumuke mara ya pili. Kama huna oveni, usihofu: makaa machache chini, mengi juu ya mfuniko, kwa dakika 35 hadi 45. Ukiugonga chini ukalia kama ngoma, umeiva.

Cha katikati sasa. Ponda parachichi moja kubwa lililoiva, kamulia nusu ndimu lisiwe jeusi, tia chumvi ya kubana kwa vidole viwili na pilipili mbuzi ukipenda. Ponda kikombe kimoja cha maharage yaliyoiva, yale ya jana usiku yanafaa sana, na kitunguu kilichokatwa laini. Chemsha mayai mawili, yakate vipande. Kwaruza karoti moja, kata nyanya mbili.

Kausha slesi kwenye kikaango kikavu mpaka zianze kupiga rangi. Paka maharage upande mmoja, parachichi upande wa pili, panga yai, karoti na nyanya katikati, bana. Kwa chai ya maziwa yenye sukari kidogo kuliko ulivyozoea, umemaliza. Mafuta ya kopo hayajaguswa, na utamu wa kitu laini na chenye mafuta bado upo, maana ule ndio ulimi unaoutafuta.

Tahadhari mbili. Parachichi lina nguvu nyingi, kwa hiyo robo mpaka nusu kwa mtu mzima kwa mlo inatosha, siyo matatu. Na chumvi: Shirika la Afya Duniani linashauri isizidi gramu 5 kwa siku nzima, na mkate wenyewe tayari unayo.

Na kwa wenye mtoto aliyetimiza miezi 6: chukueni parachichi na maharage hayo hayo kabla ya kutia chumvi na pilipili, pondeni yawe laini kabisa, mpeni pamoja na maziwa ya mama. Hapa ndipo sandwichi yetu inapokutana na ile asilimia 57. Kwenye nyumba nyingi za mkulima wa Iringa vitu hivyo vipo. Vinachokosa ni ruhusa ya kubaki nyumbani.

Najua atatokea mtu kusema hizi ni habari za watu wa mjini wanaoogopa kunenepa. Hapana. Mwaka 2011 serikali ilitoa kanuni za kuongeza virutubisho kwenye unga wa ngano wa viwandani, na ni hatua nzuri. Lakini tafakarini maana yake: tunarudisha kwa kijiko kile ambacho mashine ilikiondoa kwa rola. Na ngano yenyewe sehemu kubwa tunaiagiza nje, ndiyo maana vita ya Ukraine ya mwaka 2022 ilisikika mpaka kwenye bei ya mkate Mwanjelwa. Parachichi la jirani yako halijui vita ya mtu.

Sitaki mkate ufe, wadau. Umetutunza hospitalini, umetupokelea wageni, umetusomesha. Nataka tu siku mgeni akibisha hodi ghafla, mwenye nyumba asione haya kumwekea mezani alichovuna mwenyewe, ndani ya slesi mbili nzito za kahawia, na kumwambia karibu.

Nawasilisha.